Aliyetandika Vitanda vya Ikulu

Daktari alipomwambia Nicanor kwamba mapafu yake yamebakiza miezi, si miaka, Nicanor hakuuliza habari za dawa. Aliuliza kama mtu mwenye kifua kama chake anaweza kujenga nyumba.

Daktari, kijana mwenye foleni ndefu nje ya mlango, alidhani mzee hajaelewa. Akarudia maneno yake polepole. Seline, mke wa Nicanor, aliyekuwa ameketi kando na beseni lake la omena, dagaa wa kuuza, mapajani, ndiye aliyemjibu.

"Ameelewa, daktari. Anauliza kitu kingine."

Hicho kitu kingine nilikuja kukijua baadaye, nilipokuwa natafuta mtu wa kunisimulia historia ya Ikulu ya Nairobi. Majumba ya wakubwa nimezungushwa katika nchi nyingi. Kila mahali huonyeshwa vinara, mazulia na picha za waliotangulia, na hakuna anayekwambia nani alibadilisha shuka. Watu wa Kibera walinielekeza kwa mzee aliyefanya kazi hiyo mpaka akastaafu. Nilimkuta humohumo Kibera, mtaa wa Kisumu Ndogo, katika chumba cha mabati nyuma ya kanisa, ameegemezwa kwa mito kwa sababu akilala chali hewa humkimbia. Alikubali kuongea juu ya vitanda na moto. Mengine, alisema, alikula kiapo kutoyasema, na kiapo hakistaafu.

Jumba lile lilijengwa na Waingereza mwanzoni mwa karne iliyopita, Nairobi ikiwa bado mji wa reli na matope, ili gavana wao apate pa kulala na pa kupokelea wageni. Magavana walikuja, wakapanda maua, wakaondoka, wakaja wengine. Bendera ilipobadilika jumba likaitwa Ikulu. Lakini wazee wa Nairobi watakwambia kwamba rais wa kwanza alifanya kazi mle mchana, na jioni msafara wake ukashika njia ya Gatundu, kwake. Wa pili naye alipendelea nyumba yake ya Woodley, hapo juu tu ukitoka Kibera. Ni mpaka alipokuja wa tatu ndipo jumba likapata mtu wa kulala mle kama mtu alalavyo kwake.

Nicanor aliingia kazini rais wa pili akiwa bado mgeni kitini. Kila asubuhi alitoka Kisumu Ndogo, akapanda Woodley, akapita karibu na lango la nyumba alimolala mkubwa, kisha akaendelea mpaka kilimani kwenda kumtandikia kitanda asichokilalia.

"Alikuwa jirani yangu," aliniambia. "Tungekuwa tunaenda kazi pamoja. Shida ni yeye alikuwa na gari."

Alicheka, na kicheko kikageuka kikohozi, na Seline akamshika mgongo mpaka kikapita.

Kazi alifundishwa na mzee Muchiri, ambaye alianzia jikoni enzi za gavana wa mwisho, akiosha sufuria. Muchiri alimwambia kwamba nyumba isiyolaliwa huoza upesi kuliko inayolaliwa. Kwa hiyo kila siku madirisha yalifunguliwa na kufungwa. Mabomba yalifunguliwa mpaka maji mekundu yapite, yaje meupe. Miezi ya baridi, Juni na Julai, moto uliwashwa katika meko ya vyumba vitupu ili unyevu usipande ukutani. Na kila Jumatatu vitanda vilivuliwa shuka, shuka zikafuliwa, zikapigwa pasi, zikarudishwa, ingawa hakuna mgongo uliozigusa.

"Sasa kwa nini tunafua?" Nicanor alimuuliza Muchiri wiki ya kwanza.

"Unangoja mgeni afike ndiyo ukafue? Huko kwenu mgeni anapikiwa akishashiba?"

Muchiri alikuwa na neno moja alilopenda kulirudia akipiga pasi. Nyumba hii, alisema, haina mwenyewe, ina wapangaji. Hata gavana alikuwa mpangaji. "Tofauti yake na wewe, Nicanor, ni kwamba yeye landilodi hamwekei kufuli."

Wafanyakazi wenzake walikuwa na sababu nyingi za wakubwa kutolala mle. Wengine walisema jumba lina mizimu ya wazungu, wengine walisema ni mambo ya usalama. Nicanor alikuwa na sababu yake, nayo aliitoa kwao, Alego. Kwa Wajaluo nyumba ya mtu hairithiwi. Aliyeijenga akiondoka, huachwa ikaanguka yenyewe, na mwanawe hutafuta mahali pake. Hakuna mtu mzima mwenye akili zake atakayelala juu ya kitanda cha mwenye nyumba mwingine na apate usingizi. Kwa hiyo alipoona msafara ukitoka jioni hakushangaa. Alimheshimu zaidi mkubwa aliyekwenda kulala kwake.

Kwake yeye Nicanor ndiko kulikomshinda.

Desturi ya kwao iko hivi. Kijana wa kiume hujenga kibanda chake, kinaitwa simba, ndani ya boma la baba. Akishapata mke na watoto hutoka akaanzishe boma lake. Hutoka mapema asubuhi: yeye ameshika shoka, mwanawe wa kwanza ameshika jogoo, mke amebeba moto. Nyumba husimamishwa siku hiyohiyo, hata kama ni ya miti na udongo, na usiku huo wanalala humo. Kuanzia siku hiyo yeye ni mtu mwenye boma. Na mkubwa hutangulia. Mdogo hamruki kaka yake, kwa sababu akimruka balaa huingia ukoo mzima, na watakaolipa ni watoto.

Anayekufa kabla ya kuanzisha boma huzikwa pembeni mwa boma la baba yake kama kijana, hata akiwa na mvi. Kama na simba yake ilishaanguka, maiti yake haiingii nyumba yoyote. Hulala uani chini ya turubai, waombolezaji wakipita wakitazama pembeni. Simba ya Nicanor ilianguka zamani, wakati yeye akiwasha moto katika vyumba vya watu wasiokuja.

Seline alijua haya kuliko mtu yeyote. Yeye ni binti wa kutoka Gem, aliolewa akaletwa Nairobi moja kwa moja, na kila Krismasi walipokwenda Alego walilala kwa binamu yake Nicanor, kwenye sebule, wakiamka kabla ya wenye nyumba ili wasionekane. Kila Krismasi alimuuliza mumewe, "Baba Marvin, lini?" Na kila Krismasi jibu lilikuwa jina la mtu mmoja: Dalmas.

Dalmas ni kaka mkubwa wa Nicanor. Ni seremala wa vitanda Kawangware, sehemu inayoitwa Kongo, na yeye pia hajajenga nyumbani. Mwanzoni alichelewa kwa uvivu wa mjini tu, kama wengi wanavyochelewa. Kisha ikaja sababu.

Mwanzoni mwa mwaka 2008 nchi ilikuwa imegombana juu ya nani aingie katika jumba lile la kilimani. Kawangware iliwaka, Kibera ikawaka. Asubuhi moja Billy, mtoto wa kwanza na wa pekee wa Dalmas, kijana aliyekuwa ameanza kumsaidia baba yake kupiga randa, alitoka kwenda kuangalia kama karakana imesalimika. Hakurudi. Dalmas alimtafuta hospitalini, vituoni na katika vyumba vya maiti, akifunua shuka moja baada ya nyingine. Mama yake Billy alikufa kabla mwaka haujaisha. Siku hizo zote Nicanor alikuwa amefungiwa ndani ya Ikulu pamoja na wafanyakazi wengine kwa sababu barabara hazipitiki, analala chumba cha kufulia, anaamka kutandika. Habari za Billy alizipata njia zilipofunguliwa.

Wazee wa ukoo waliacha miaka ipite, kisha wakatoa shauri lao. Mtu aliyepotea bila maiti huzikwa kwa tunda la yago, tunda refu, zito, linaloning'inia mtini kama gogo kwenye kamba. Huchimbwa kaburi, tunda likalazwa mle, watu wakalia, na mambo yakaisha. Dalmas akishamzika Billy hivyo, wazee walisema, mtoto mwingine wa ukoo atashika jogoo mahali pake. Dalmas ataanzisha boma, na Nicanor atamfuata.

Dalmas alikataa. Hakupiga kelele. Aliwaambia tu kwamba yeye hakuzaa tunda.

Hapo ndipo mambo yalipokuwa siku Nicanor alipotoka hospitalini. Alimwambia Seline, "Twende Kawangware."

Walifika kabla ya saa sita. Dalmas alikuwa amepanga vitanda vipya kando ya barabara, vingine bado vinanuka vanishi. Alipomwona ndugu yake akishuka taratibu, ameshikwa mkono, aliweka msasa chini, lakini utani wake haukubadilika.

"Mtu wa Ikulu! Leo umekosa wa kumtandikia?"

"Nimekuja kuona kama vitanda vyako bado vinalia."

"Kitanda hakilii, omera, ndugu yangu. Anayelia ni yule amenunua bila kujua uzito wa bibi yake."

"Shemeji, tupe mahali tukae kwanza," Seline alisema. "Huyu amesimama mara ngapi kutoka hapo stage, hata nimechoka kuhesabu."

Dalmas aliwaletea viti viwili visivyopakwa rangi. Aliagiza chai kwa mama wa kibanda cha jirani. Walizungumza habari za Marvin, mtoto wa kwanza wa Nicanor, aliyekuwa fundi wa pikipiki Nyayo Highrise. Dalmas alitaka kujua kama ameoa au bado anaonjaonja. Seline alimwambia ana msichana, anamficha, anadhani mama yake ni kipofu. Wakacheka. Kisha chai ikaisha.

"Daktari amenihesabia," Nicanor alisema. "Sitaona mvua za mwaka ujao."

Dalmas alitazama barabara. Jirani yake alikuwa akipiga msumari, na kila pigo lilisikika.

"Pole, ndugu yangu."

"Nataka kuwa na mlango wangu, Dalmas. Hata wa mabati. Nilazwe ndani ya mlango wangu usiku mmoja, halafu wanitoe. Lakini siwezi kukuruka."

"Niruke."

"Usiseme hivyo."

"Nimekwambia niruke. Wewe si unaenda kanisa? Pasta wako anasemaje? Si anasema hayo ni mambo ya giza?"

"Pasta amejenga kwao, Yimbo," Seline alisema. "Alimngoja kaka yake. Mimi nilikuwa kwa hiyo sherehe, nilikula hiyo nyama."

Dalmas alikaribia kucheka, akaacha.

"Marvin atakushikia jogoo," Nicanor alisema. "Ni mtoto wako pia. Ni siku moja tu. Wazee wako tayari kutafuta yago, huna haja hata ya—"

"Nicanor."

"Miaka kumi na saba, kaka."

"Najua kuhesabu." Dalmas aliinua msasa, akautazama, akauweka tena chini. "Mtoto wangu alienda kwa sababu ya hiyo nyumba yako. Si ndiyo? Watu waliuana hapa, hii barabara unayoiona, juu ya nani atalala kilimani. Na wewe siku hiyo ulikuwa wapi? Ulikuwa ndani, unamnyooshea mtu shuka. Sasa unakuja kuniambia nizike tunda ili wewe upate mlango."

Seline alifungua mdomo. Nicanor alimgusa goti, na wakati huohuo kikohozi kikamshika, kile kibaya, cha kuinama mpaka paji la uso linakaribia magoti. Kilipopungua midomo yake ilikuwa imebadilika rangi. Dalmas alimnyanyua kwa mikono yote miwili na kumwingiza chumbani kwake nyuma ya karakana, akilaumu vumbi la mbao.

Chumba kilikuwa na vitanda viwili. Kimoja kipana, cha Dalmas, nguo zimetupwa juu yake. Kingine chembamba, kando ya dirisha, kimetandikwa. Nicanor, akitafuta pa kuangukia, alikwenda kwa kile cha karibu.

"Si hicho," Dalmas alisema haraka. "Kaa kwa hiki changu."

Nicanor alikaa alipoonyeshwa. Alivuta hewa mpaka ikatulia. Kisha akatazama kitanda cha dirishani, kwa sababu macho yake yalikuwa yamefanya kazi hiyo maisha yote na hayakuweza kutotazama. Hakikuwa na vumbi. Mto ulikuwa umepigwapigwa ukajaa. Shuka ilikuwa ya buluu, imepauka, na alijua namna ilivyopauka. Shuka inayolaliwa huchakaa katikati, mahali pa mgongo na pa visigino. Inayofuliwa tu, ikakunjwa na kutandikwa tena, huchakaa kwenye mikunjo, ikafanya mistari iliyonyooka kama iliyopigwa rula, na katikati ikabaki nzima. Shuka ya buluu ilikuwa na mistari hiyo. Kwenye mkunjo mmoja uzi ulikuwa umeisha kabisa, na mtu aliushona kwa mkono, kwa mishono ya seremala.

"Unabadilisha lini?" aliuliza.

Dalmas alikuwa amesimama mlangoni, ameupa mgongo mwanga. Hakujifanya kutoelewa.

"Jumamosi."

"Sisi ilikuwa Jumatatu."

"Jumatatu naenda kuchukua mbao."

"Na dirisha?"

"Nafungua asubuhi. Nafunga nikitoka."

Nicanor alitikisa kichwa kama fundi anayesikia kazi ya fundi mwingine. Alisema, "Ukiweka vipande vya mwarobaini chini ya godoro, nondo hawaji." Dalmas alisema atatafuta. Basi. Seline, aliyekuwa nje akisubiri, aliingia akidhani ugomvi unaendelea, akakuta wanaume wawili wameshikana mikono kama watoto.

Walirudi Kibera. Walipofika chumbani, Seline akimvua viatu, Nicanor alimwambia, "Nizike Lang'ata."

Seline alifikiri ni kifua kinachoongea.

"Lang'ata ni makaburi ya watu wasio na kwao, Baba Marvin. Wewe una kwenu."

"Nikienda nyumbani watanilaza uani. Na Dalmas atakuwepo, amesimama hapo, na wazee wote watamzunguka. Watamwambia ndugu yako analala nje kwa sababu yako, leta yago. Atakubali kwa aibu. Mimi sitaki akubali kwa aibu mbele ya maiti yangu." Alipumzika. "Lang'ata hakuna mwenye boma. Wote wapangaji."

"Na mimi?"

Nicanor alifumba macho. Seline aliniambia kwamba swali hilo aliliuliza kwa sauti ya kawaida, si kwa kunong'ona.

Wiki mbili baadaye Dalmas mwenyewe alikuja Kisumu Ndogo. Alikuja Jumamosi, amevaa koti, jambo ambalo halikuwa kawaida yake. Alipitia njia ya wauza omena, akasalimiana na kila mtu kwa jina la kwao, akaingia, akakaa kwenye ukingo wa kitanda cha ndugu yake. Seline alikuwa akichambua omena mlangoni.

"Niaje, mzee wa kilimani," Dalmas alisema.

Nicanor alitabasamu. Sauti ilikuwa imekwisha, alibaki na pumzi.

"Nimeongea na wazee kwa simu," Dalmas alisema. "Nimewaambia watafute hilo tunda. Mwezi ujao, tukiwa hai, tutaenda. Marvin atashika jogoo. Mimi nitajenga asubuhi, wewe utajenga baada yangu. Mabati ninayo. Milango nimeanza kupiga, wako na wangu."

Seline aliacha kuchambua. Aliniambia kwamba wakati huo aliona kabisa nyumba ile: mlango umetazama barabara ya Siaya, na yeye ametokeza nje kumwaga maji, na mtu anapita akisema, habari ya asubuhi, mwenye boma.

Nicanor alitikisa kichwa.

"Hapana," alisema.

"Hapana nini?"

"Umeshabadilisha shuka? Leo ni Jumamosi."

Dalmas alitazama mikono yake. "Nitabadilisha nikirudi."

"Basi bado hujamzika mtu. Unazika tunda, halafu unarudi kumtandikia kitanda." Ilimchukua muda kumaliza kila sentensi, na hawakumkatiza. "Mimi nimelinda nyumba ya mtu asiyekuja. Mwisho alikuja mwingine, akalala, na mimi nilifurahi, nikasema kumbe hatukufua bure. Siwezi kukwambia usingoje. Siwezi kujenga juu ya kichwa cha Billy nikapata usingizi."

"Omera, mimi nimekubali."

"Mimi nimekataa."

Dalmas aliinamisha kichwa. Machozi yalimtoka bila sauti, na Seline aliona kwamba pamoja na huzuni kulikuwa na kitu kingine usoni mwake, kama mtu aliyeteremsha mzigo ambao alijikaza kuubeba. Hilo ndilo lililomuuma Seline kuliko yote.

Alisimama. Beseni lilikuwa mkononi.

"Mmemaliza?" aliuliza. "Mmepeana. Huyu amempa yule mtoto wake, yule amempa huyu heshima. Nyinyi ni ndugu wazuri. Sasa mimi nilikuwa nani hapa? Mimi nilikuwa nabeba moto. Si ndiyo desturi? Mwanamume shoka, mtoto jogoo, mwanamke moto. Nimengoja kubeba huo moto tangu niko msichana. Kuna mtu ameniuliza?"

Kanisa la jirani lilianza kupima ngoma. Seline alitoka na beseni lake, akakaa mahali pake pa kila siku kwenye mstari wa wauzaji, na akauza mpaka omena zikaisha, akiwapimia wateja kikombe kimoja na kuwaongezea kidogo, kama kawaida.

Nicanor alikufa mwanzoni mwa Julai, mchana, Seline akimshikilia kikombe cha uji. Ndugu wa Alego walipiga simu, wakafoka, wakaomba, kisha wakasema hawatakuja kumzika mtu wao miongoni mwa wageni. Pasta wa Yimbo alikuja. Wafanyakazi wenzake wawili wa zamani walikuja wamevaa tai, wakasimama nyuma, na hawakusema walifanya kazi wapi na marehemu. Jeneza alilitengeneza Dalmas, la mbao za saiprasi zilizopigwa randa vizuri, na halikuwa na mlio hata lilipobebwa na vijana wenzake Marvin wasiolingana urefu.

Makaburi ya Lang'ata yamejaa watu. Mashimo huchimbwa kwa mstari, likifunikwa moja linafuata jingine, na kila familia hupewa muda wake. Nilisimama kando ya njia. Nyuma yetu gari jingine lilikuwa limeshafika, watu wanashuka na maua ya plastiki, wanangoja kwa adabu. Pasta aliona hivyo akafupisha sala. Marvin alitupa udongo, Dalmas akatupa, na ilipofika zamu ya Seline alishika udongo mkononi kwa muda kabla ya kuuachia.

Koleo zilipoanza kazi alimsogelea Dalmas. Alikuwa na kitambaa cheusi kichwani na sauti yake ilikuwa ileile ya sokoni, isiyo ya ugomvi.

"Shemeji, nataka uniambie kitu kimoja. Mimi nikifa, mtanipeleka wapi?"

Dalmas alitazama kaburi. Alitafuta neno ambalo mtu anaweza kumpa mke wa ndugu yake siku kama ile.

"Hapa," alisema. "Hapa kando yake."

Seline aligeuza kichwa. Kwenye shimo la kando, wale watu wengine walikuwa tayari wanashusha jeneza lao.

"Hapo kando," alisema, "pameshapata mtu."

Alijifuta udongo wa mkononi, akamwita Marvin, wakaanza kutembea kuelekea lango.